Alphonse Allais: Mcheshi Aliyemwachia Msomaji Hesabu



Anayehamia nchi ya watu hujifunza kwanza namba za mabasi, kisha bei za vitu, kisha sheria za kodi. Mzaha huja mwisho kabisa. Mtu anaweza kukaa ughaibuni miaka 20, akasoma vyuo vyao, akajenga madaraja yao, na bado wenzake wakiangua kicheko wakati wa chakula cha mchana yeye akabaki anatabasamu kwa adabu tu. Tena kuna ile siku ambayo mzaha unatuhusu sisi wenyewe, rangi yetu au tulikotoka, na macho yote yanatugeukia yakingoja tucheke. Tucheke? Tununе? Tunyamaze? Wengi wetu tumelipitia hilo, na si wote tuliolipatia jibu.

Kwa sababu hiyo safari hii tumeona tuzungumze juu ya mwandishi mmoja wa Kifaransa ambaye kazi yake yote ilikuwa kuchekesha: Alphonse Allais. Ndugu zetu wa Bukavu, Lubumbashi na Bujumbura, waliosoma kwa Kifaransa, huenda wamelisikia jina lake. Sisi wengine tuliolelewa kwa Kiingereza tunamjua kidogo sana. Na katika kazi zake kuna mahali ambapo mtu mweusi ndiye aliyefanywa kichekesho, kwa hiyo hatuwezi kumsoma kama watu wa kando.

Kijana wa duka la dawa

Allais alizaliwa tarehe 20 Oktoba 1854 katika mji wa bandari wa Honfleur, kaskazini mwa Ufaransa, siku ile ile aliyozaliwa mshairi Arthur Rimbaud mjini Charleville. Baba yake alikuwa mfamasia mwenye duka la dawa, na kijana akapelekwa Paris akasomee kazi hiyo hiyo. Masomo hayakufika mwisho. Mikahawa na vilabu vya waandishi vilimvuta zaidi ya chupa za dawa.

Lakini sayansi haikumtoka. Alikuwa karibu na Charles Cros, mshairi na mvumbuzi aliyeeleza kwa maandishi mwaka 1877 jinsi sauti inavyoweza kunaswa na kurudishwa, kabla Thomas Edison hajaionyesha mashine yake. Mwaka 1881 Allais mwenyewe aliandikisha hataza ya namna ya kutengeneza kahawa ya kuyeyuka katika maji. Sisi wahandisi tunaokunywa kahawa ya namna hiyo kazini kila asubuhi tuna deni dogo kwake.

Mwaka huo huo wa 1881 Rodolphe Salis alifungua klabu yake mtaa wa Montmartre, ikaitwa Le Chat Noir, yaani Paka Mweusi, na muda si muda ikawa na gazeti lake. Allais akawa mhariri mkuu wa gazeti hilo mwaka 1886. Baadaye aliandika katika Le Journal, na kuanzia mwaka 1899 akaongoza gazeti la vichekesho la Le Sourire. Kazi yake ilikuwa ya kibarua: hadithi fupi wiki baada ya wiki, mchapishaji anangoja, na hakuna kusema leo sina hamu ya kuchekesha. Hadithi hizo zilikusanywa katika vitabu. Cha kwanza kilitoka mwaka 1891, na kingine cha mwaka 1895 kina jina ambalo mhandisi yeyote atalisimamia: Mbili na Mbili ni Tano.

Jini na faranga saba na nusu

Tuingie katika kazi yenyewe. Allais anajengaje kichekesho?

Chukua ile hadithi yake ya fukara na jini mwema. Fukara amechoka na maisha. Anamwomba jini kitu kidogo tu: faranga 5 kila siku mpaka mwisho wa uhai wake. Jini anakubali, lakini anasema kuja kila siku ni usumbufu, afadhali amlipe zote kwa mkupuo mmoja. Fukara anafurahi mno. Jini anapiga hesabu, kisha anamkabidhi faranga 7 na nusu.

Kichekesho kimekwisha, na kilichobaki ni kazi ya msomaji. Gawanya 7 na nusu kwa 5. Hakuna tusi hapo, wala kiroja, wala mtu aliyeteleza kwa ganda la ndizi. Kila hatua ni sahihi: ombi ni la haki, jini ni mkweli, hesabu haina kosa hata senti moja. Kifo kimekuja kama baki la kugawanya, na tumekikuta wenyewe kwa akili zetu.

Huo ndio ufundi wa Allais, na sisi tunaushabihisha na ufundi wa kazi yetu. Anaanza na jambo la upuuzi analotuomba tulikubali, kama mwalimu anavyosema "tuseme kwamba", kisha anakwenda nalo kwa nidhamu kamili mpaka linapofika. Wasomaji wake humhesabia uvumbuzi kama tangi la samaki la kioo cha ukungu, kwa ajili ya samaki wenye haya, na kikombe chenye mkono upande wa kushoto kwa wanaotumia mkono wa kushoto. Ukicheka kikombe hicho halafu ukakigeuza mkononi, unaona kwamba kila kikombe duniani tayari kina mkono huo. Lakini yeye hakuelezi. Hatua ya mwisho ya hesabu anakuachia wewe, na kwa kuwa umeimaliza mwenyewe, kicheko kinakuwa chako.

Tukumbuke neno hilo, kwa maana ndilo tutakalompimia.

Mwanajeshi wa msalaba na mtumbwi wa Kongo

Hadithi yake iliyochambuliwa sana na wasomi ilitoka katika gazeti la Le Chat Noir mwaka 1890. Inasimulia mkasa wa mume na mke wa Paris, Raoul na Marguerite, wapendanao na wagombanao. Siku moja kila mmoja anapata barua isiyo na jina. Mume anaambiwa kuwa mkewe atakuwa kwenye dansi ya barakoa, amevaa kama mtumbwi wa Kongo. Mke anaambiwa kuwa mumewe atakuwa kwenye dansi hiyo hiyo, amevaa kama mwanajeshi wa vita vya msalaba. Usiku unafika. Mwanajeshi na mtumbwi wanakutana, wanakwenda kula chumba cha faragha, nyuso zinafunuliwa. Wote wawili wanapiga ukelele wa mshangao. Yeye si Raoul. Naye si Marguerite.

Basi waliovaa vile ni nani, na kwa nini wameshangaa? Hadithi haisemi. Inasema tu kwamba Raoul na Marguerite walipata fundisho, wakaacha kugombana. Umberto Eco, mwanazuoni wa Italia, aliishughulikia kwa urefu katika kitabu chake cha mwaka 1979 kuhusu namna msomaji anavyoshiriki kuitunga hadithi. Hoja yake, tukiifupisha, ni kwamba Allais hajasema mahali popote kuwa wale wawili ni mume na mke. Ni sisi tuliosema. Tulishika uzi tuliopewa, tukashona nguo nzima, kisha tukakasirika haimtoshi mtu.

Hesabu ile ile tena, lakini safari hii msomaji ameikosea, na Allais alijua ataikosea.

Sisi tunaongeza jambo moja. Kwa nini mtumbwi, na kwa nini wa Kongo? Mwaka 1890 Kongo lilikuwa mali ya mtu mmoja, Mfalme Leopold wa Pili wa Ubelgiji. Joseph Conrad alipanda mto ule mwaka huo huo. Hata sisi hatukuwa mbali: kuanzia mwaka 1887 Tippu Tip wa Zanzibar alikuwa gavana wa Stanley Falls kwa niaba ya Leopold, na biashara ya pembe na ya watumwa iliyopita huko ilizungumzwa pia kwa Kiswahili. Mjini Paris, Kongo lilikuwa habari za magazetini, na kutoka magazetini likashuka mpaka kwenye nguo za dansi. Tena mwanamke yule hakuvaa kama mtu wa Kongo. Amevaa kama chombo chake. Mtu mwenyewe hayupo.

Hatumshtaki Allais kwa hilo. Kicheko chake hapo kinaiangukia Paris, mji ambao mtu anaweza kuivaa nchi nzima asiyoijua akatoka nayo usiku mmoja. Lakini tumeona mtu wetu alivyowekwa, au tuseme alivyokosekana, na tutakutana naye tena.

Karatasi za rangi moja

Mwaka 1882 kundi la wachekeshaji waliojiita Incohérents, yaani watu wasio na mpangilio, lilifanya maonyesho ya picha nyumbani kwa kiongozi wao, Jules Lévy. Mshairi Paul Bilhaud alitundika turubai jeusi tupu. Kichwa chake kilisema ni mapigano ya watu weusi usiku, na neno la Kifaransa lililotumika kwa watu weusi ni lile ambalo leo halitamkwi mbele ya watu wenye heshima. Waliohudhuria walicheka sana.

Allais aliuona mlango umefunguliwa, akaingia. Mwaka 1883 alionyesha karatasi nyeupe tupu, akaiita komunyo ya kwanza ya wasichana wenye upungufu wa damu wakati wa theluji. Mwaka 1884 akaleta nyekundu: makadinali waliopandwa na damu kichwani wakivuna nyanya kando ya Bahari ya Shamu, ambayo kwa Kifaransa huitwa Bahari Nyekundu. Mwaka 1897 alizikusanya rangi saba katika kitabu cha Siku ya Wajinga, na ya kwanza kabisa ilikuwa ile nyeusi ya Bilhaud. Aliitaja kuwa nakala ya picha mashuhuri, na kwenye kichwa akaongeza chumba cha chini ya nyumba. Jina la Bilhaud halikuwekwa.

Mwishoni mwa kitabu hicho kuna wimbo wa maziko ya mtu mashuhuri aliyekuwa kiziwi. Mistari ya muziki imechorwa, noti hakuna hata moja, kwa hoja kwamba uchungu mkubwa hauna sauti. Ilikuwa miaka 55 kabla Mmarekani John Cage hajaleta kazi yake ya ukimya ya mwaka 1952. Nayo picha ya rangi moja, iliyoanza kama mzaha, ilikuja kuwa sanaa ya heshima katika majumba ya makumbusho. Mwaka 2015 wataalamu wa jumba la Tretyakov mjini Moscow walitangaza kuwa pembeni mwa Mraba Mweusi wa Kazimir Malevich, uliochorwa mwaka 1915, wameona maneno ya mkono, wakayasoma kuwa yanarejea kichwa kile cha mapigano ya watu weusi gizani. Aliyeyaandika ni nani, bado kuna ubishi. Lakini tazama safari ya mzaha ule: kutoka nyumba ya mtu Paris hadi kwenye turubai linalotajwa katika kila historia ya sanaa ya karne ya 20.

Sasa tuifungue mashine kama tufanyavyo kazini, tuone kila kipande kinabeba nini.

Katika picha nyeupe kuna wasichana, wamevaa gauni jeupe, ni wagonjwa, na theluji inaanguka. Weupe umejengwa kwa vitu vitatu au vinne vinavyotokea kukutana siku moja. Vivyo hivyo nyekundu: joho la kadinali, damu ya kichwani, nyanya, jina la bahari. Tena wanaochekwa ni makadinali, watu wenye enzi, wameshushwa mpaka shambani kuchuma nyanya wakihema. Ukiwatoa kwenye picha wanabaki watu: joho litavuliwa, ugonjwa utapona au utaua, theluji itayeyuka.

Katika picha nyeusi kuna chumba cha chini, kuna usiku, na kuna ngozi. Usiku utakucha, chumbani watatoka, lakini ngozi haivuliwi. Mtu mwenyewe ndiye aliyefanywa rangi. Halafu wapo wanafanya nini? Hawapati komunyo wala hawavuni kitu. Wanapigana. Kwa nini? Mchora picha hasemi, kwa sababu mwaka 1882 alijua mtazamaji wake hatauliza.

Hapo ndipo lile neno tuliloliweka linaporudi. Mzaha wa namna hii unamwachia mtazamaji hatua ya mwisho. Kwenye turubai lile hakuna mtu hata mmoja, kuna rangi tu. Wapiganaji wameletwa na mtazamaji kutoka kichwani mwake. Ili hesabu itimie, lazima awe tayari anabeba ile picha ya mtu mweusi asiye na sura, asiye na jina, apiganaye gizani bila sababu. Aliye nayo atacheka papo hapo. Asiye nayo anaona kitambaa cheusi.

Kwa hiyo tukiulizwa kwa nini sisi hatucheki hapo, jibu si kwamba hatujui mzaha, wala kwamba ngozi zetu ni laini mno. Mzaha huu unadai kipande ambacho mchekeshaji hakukileta, anatarajia tuwe nacho sisi, na sisi hatunacho. Hesabu haifungi.

Utani una zamu

Kuna wenzetu watakaosema: hayo ni mambo ya karne ya 19, na hata kwetu watu hutukanana kwa utani. Ni kweli, na tunashukuru utani umetajwa, kwa kuwa ndio kipimo kizuri. Mnyamwezi na Mzaramo wanaweza kuambiana maneno ambayo yangemtoa mtu mwingine meno. Lakini utani una zamu: leo umenisema, kesho nakusema, na huna ruhusa ya kununa. Utani una pia wajibu. Siku ya msiba mtani yupo, anatania waliofiwa, na kazi za msibani anazifanya. Mzaha usio na zamu wala wajibu ni kitu kingine, hata kama maneno yanafanana. Watu wa turubai la Bilhaud hawakupewa zamu ya kujibu.

Kwa kipimo hicho hicho Allais ana kazi zinazosimama imara. Riwaya yake kuhusu kesi ya Blaireau, ya mwaka 1899, ni juu ya jangili mmoja katika mji mdogo. Askari wa kijiji amepigwa usiku, na kwa kuwa kila mtu anajua Blaireau ni jangili, anafungwa kwa kosa asilolifanya. Mpiga askari kumbe ni mwalimu wa viungo, aliyempenda binti wa kitajiri. Binti huyo huona fahari kwa wanaume walioteseka gerezani, basi mwalimu anakiri ili naye apate sifa ya kufungwa. Blaireau anatoka akiwa shujaa, wakubwa wa mji wanagombea kupiga naye picha ya siasa, na yeye aliyekuwa kichekesho sasa anawatazama wao. Zamu imemfikia. Filamu ya mwaka 1958 iliyotokana na riwaya hiyo, Louis de Funès akiwa jangili, iliwachekesha Wafaransa ambao hawakuwa wamemsoma Allais kamwe.

Na sisi tuliowahi kuelekezwa dirisha namba 4, tukarudishwa namba 2, tukaambiwa turudi kesho na nakala tatu, tutampenda Captain Cap, mhusika wake aliyetokana na mtu wa kweli, Albert Caperon. Bwana huyu aligombea uchaguzi wa Paris mwaka 1893 kama adui wa urasimu, na katika ahadi zake kulikuwa na kuifanya Place Pigalle, iliyo mbali kabisa na bahari, kuwa bandari. Mwanasiasa wa kwetu angeliahidi hilo bila kucheka.

Kwa nini tumsome

Kumfasiri Allais ni kazi ngumu. Aliandika beti ambazo mstari mzima unatamkwa sawa na mstari unaoufuata, maana zikiwa mbali mbali, mchezo ambao sisi tuliozoea vina vya kati na vya mwisho, na neno kama paa lenye maana nne, tunaweza kuuonea wivu. Ila hadithi zilizojengwa kwa hesabu zinavuka lugha bila ushuru. Jini na faranga zake anaweza kukaa Tanga au Muscat kesho. Kwa wazazi wanaohangaika watoto wao waliozaliwa huku wasome Kiswahili, hadithi kama hizo ni fupi, zinaeleweka, na zinamfanya mtoto amalizie mwenyewe. Tunawaomba wanaojua Kifaransa watufasirie mbili tatu.

Tusimsome kwa kumwogopa, wala kwa kumsamehe haraka. Alichojenga mwenyewe, makadinali na jini na barakoa, kina akili na kina huruma iliyofichwa. Alichookota kwa mwenzake akakitanguliza mbele ya kitabu chake kina kasoro, na kasoro hiyo tunaweza kuionyesha kwa kidole bila kupandisha sauti. Na tukikutana nayo kazini, mezani wanapotungoja tucheke, tunaweza kufanya kama tulivyofanya hapa: kuuliza kwa upole, "Sijaelewa, hebu nieleze kinachochekesha ni nini." Aliyesema atalazimika kukitoa kile kipande alichokuwa ametarajia tuwe nacho, na kukiweka mezani mbele ya watu.

Mwaka 1905 daktari alimwamuru Allais asitoke kitandani kwa miezi, kwa ajili ya ugonjwa wa mshipa wa damu mguuni. Yeye akaenda mkahawani kama kawaida yake. Inasimuliwa kuwa tarehe 27 Oktoba, rafiki alipomsindikiza hotelini, alimwambia kuwa kesho atakuwa amekufa, na kwamba safari hii hatanii. Rafiki akacheka, maana alikuwa amezoea. Kesho yake, tarehe 28, Allais akafa, umri wake miaka 51. Kaburi lake huko Saint-Ouen liliharibiwa na bomu la ndege za Waingereza mwaka 1944, walipokuwa wakiikomboa nchi yake.

Maoni yenu, hasa ya ndugu zetu wa Ubelgiji na Ufaransa waliomsoma katika lugha yake, tunayangoja kwa hamu.